Ala Huamua Kodi Kabla Yako

Mtu akiniuliza aanzie wapi kuelewa harmonia, yaani jinsi noti zinavyolia kwa pamoja, simpeleki kwenye kitabu. Namwambia atafute harmonika ya mashimo 10, ile ya kuingia mfukoni, iliyotyuniwa kwa C (yaani do yake ni C, na noti zinazofuata ni D, E, F, G, A, B), aitie mdomoni na apulize popote. Atasikia do, mi na so. Asogee mashimo mawili matatu, apulize tena: do, mi, so zile zile, ila juu zaidi. Hata akitaka kukosea hawezi. Kisha avute pumzi kwenye mashimo manne ya kwanza; zitalia re, so, ti na re ya juu. Apulize tena, arejee do-mi-so. Pumzi mbili tu, na tayari amefanya ule mwendo unaobeba nyimbo zisizo na idadi, za dini, za jukwaani na za watoto.

Kodi (nasema ya muziki, ile ya mapato tuwaachie wahasibu) ni noti tatu au zaidi zinazolia kwa pamoja na sikio likazipokea kama kitu kimoja. Ile ya do-mi-so inaitwa tonika kwa kuwa imesimama juu ya noti ya kwanza ya skeli, ile ngazi ya do hadi do. Ile ya so-ti-re ni dominanti, imesimama juu ya noti ya tano. Ya fa-la-do, juu ya noti ya nne, ni sabdominanti. Wapigaji wengi hawana haja na majina hayo. Wanaambizana "moja, nne, tano" na wanaelewana, hata kama wamekutana jioni ile ile. Ongeza meja na maina na mazungumzo yanaweza kuanza. Nusu toni ni hatua ndogo kabisa kati ya noti mbili za kinanda. Kodi ya meja ina nusu toni nne kutoka noti ya chini hadi ya kati, ya maina ina tatu. Nusu toni moja ndiyo tofauti yote.

Turudi kwenye harmonika. Vuta mashimo ya 2 hadi ya 5: so, ti, re, fa. Hiyo ni dominanti ya saba (fa ni noti ya saba ukihesabu kutoka so), kodi yenye haraka kuliko zote. Ti iko nusu toni chini ya do na inataka kupanda. Fa iko nusu toni juu ya mi na inataka kushuka. Kati ya fa na ti kuna toni tatu nzima, umbali ambao waandishi wa nadharia wa Ulaya waliuhusisha na shetani kwa jina la Kilatini. Walimu hutumia ukurasa mzima kueleza kwa nini kodi hii inadai kutulizwa kwenye tonika. Mwenye harmonika analijua hilo kwa mapafu: huwezi kuvuta pumzi bila kikomo, lazima uitoe, na ukiitoa unaangukia do-mi-so.

Raha hiyo ina gharama yake. Chunguza oktava ya chini ya harmonika hiyo, yaani do ya chini hadi do inayofuata, na utakuta fa na la hazimo kabisa. Tena so imewekwa mara mbili: ukipuliza shimo la 3 unaipata, ukivuta shimo la 2 unaipata ile ile. Aliyepanga noti hivyo alitaka kodi mbili zikamilike pande zote mbili za pumzi, na ili zikamilike, akakubali wimbo upungukiwe. Mpangilio huo unaitwa Richter, na harmonika za Matthias Hohner, aliyeanza kuzitengeneza Trossingen huko Ujerumani mwaka 1857, ndizo zilizousambaza duniani.

Wapiga bluzi wa Marekani hawakuukubali jinsi ulivyo. Walichukua harmonika ya C wakaipiga katika ufunguo wa G, yaani so yake ikawa nyumbani. Kodi ya kuvuta, ile iliyokusudiwa kuwa ya kupitia tu, wakaifanya makao. Fa ikageuka noti ya saba iliyoshushwa, ile inayoupa bluzi ladha yake. Kisha wakagundua kwamba ukibadilisha umbo la mdomo na koo huku ukivuta, noti inapinda na kushuka, na zile zilizokosekana oktava ya chini zikaanza kupatikana. Ala iliyotengenezwa kusindikiza nyimbo nyepesi za vijijini Ulaya ikaanza kulia kama mtu.

Hapo ndipo ninaposimama mimi katika suala zima la harmonia. Vitabu vinaifundisha kana kwamba ni sheria zilizoandikwa kwanza, ala zikafuata. Ninavyoona, mara nyingi fundi ndiye aliyetangulia. Alikaa kwenye karakana yake akaamua noti zipi ziwe majirani, zipi zifikiwe kwa tabu, na zipi zisiwepo. Mpigaji anakuja baadaye, ama anakubali au anabishana naye kwa miaka mingi.

Fundi naye hakuwa huru kabisa, maana kuna mambo ambayo hesabu imeyafunga. Uzi ukiubana katikati, nusu yake hulia oktava moja juu; uwiano ni 2 kwa 1. Ukiacha theluthi mbili zilie, unapata noti ya tano, uwiano wa 3 kwa 2. Ukiacha robo tatu, unapata ya nne, 4 kwa 3. Wagiriki wa kale walimpa Pythagoras sifa ya ugunduzi huu na wakaupamba kwa hadithi. Hesabu yenyewe ni sahihi, awe ni yeye au si yeye. Mi safi juu ya do ni 5 kwa 4. Kadiri tarakimu zinavyokuwa ndogo, ndivyo mitetemo ya noti mbili inavyokutana mara kwa mara, na ndivyo sikio linavyosikia utulivu.

Sasa tatizo. Panda kwa noti za tano mara 12 ukianzia C, na utafika C nyingine oktava 7 juu. Au ungefika, kama hesabu ingekubali. Tatu juu ya mbili ikizidishwa mara 12 ni kama 129.75, oktava 7 ni 128. Hazikutani, wala hazitakutana. Kila kinanda kilichowahi kutengenezwa kimelazimika kuificha tofauti hiyo mahali fulani. Zamani waliirundika kwenye noti mbili ambazo mpigaji aliambiwa asizipige pamoja, maana zililia vibaya kiasi cha kuitwa mbwamwitu. Siku hizi tunaigawanya sawasawa: oktava inakatwa vipande 12 vilivyo sawa, kila noti ya tano ikipungukiwa kidogo. Zhu Zaiyu, mwana wa ukoo wa kifalme wa Ming huko China, aliipiga hesabu hiyo kwa usahihi mwaka 1584. Simon Stevin wa Uholanzi alifikia jambo hilo hilo kwa njia yake karibu na wakati huo.

Wengi huishia hapo wakisema tatizo lilitatuliwa. Lilihamishwa. Chukua A ya 440, yaani mitetemo 440 kwa sekunde, ile inayotumika kutyuni okestra nyingi. Noti yake ya tano safi ni 660. Kinanda hutoa 659.3 hivi. Mi yake safi, A ikiwa ndiyo do, ni 550. Kinanda hutoa karibu 554.4. Kila noti hubeba ndani yake noti nyembamba za juu, mara mbili yake, mara tatu, mara nne na kuendelea. Ile ya mara tano ndani ya A ni 2,200. Ile ya mara nne ndani ya ile mi ya kinanda ni 2,217 na kitu. Hizo mbili zikilia kwa pamoja zinapishana, na sikio linapata mapigo kama 17 kwa sekunde, mtetemeko mkavu juu ya kodi. Kwa noti ya tano mapigo ni moja na nusu tu kwa sekunde, na ni vigumu kuyasikia. Tulilipa deni la noti ya tano kwa mfuko wa mi.

Kwenye piano unaweza kuishi maisha yako yote usilione jambo hilo, kwa sababu sauti ya uzi uliogongwa hufifia upesi. Ala zenye ndimi hazifichi. Ulimi ninaouzungumzia ni ukanda mwembamba wa shaba au chuma cha pua uliofungwa upande mmoja juu ya upenyo unaoutosha kwa shida. Hewa ikipita, ukanda unatetemeka ukiingia na kutoka. Harmonika, kodiani, konsetina (ndugu mdogo wa kodiani), harmoniamu (kinanda cha mvukuto), melodika, zote ni ndugu wa ulimi huo. Sauti yake haififii kadiri hewa inavyokuja, na imejaa noti nyembamba za juu. Hermann von Helmholtz, mwanasayansi wa Ujerumani, alipochunguza kwa nini baadhi ya noti hupatana na nyingine hukwaruzana, katika kazi aliyoitoa mwaka 1863, alitumia harmoniamu aliyoagiza ityuniwe kwa uwiano safi.  Ukitaka kuyasikia mapigo yale mwenyewe, shika A na C yenye kupandishwa (ndiyo mi ya A) kwenye kodiani, hewa polepole, usisogeze kitu kingine.

Kodiani yenyewe nina upendeleo nayo, kwa hiyo mnivumilie.

Cyrill Demian, fundi wa ala, aliisajili Vienna mwaka 1829. Ilikuwa kisanduku kidogo chenye vitufe vitano, na kila kitufe kilitoa kodi nzima: moja mvukuto ukifunguka, nyingine ukifunga. Jina lake lilitoka kwenye neno la Kijerumani la kodi. Demian hakukusudia ala ya kupigia wimbo. Alikusudia kitu ambacho mtu asiyesomea muziki angeweza kubeba na kusindikizia kuimba kwake. Upande wa noti moja moja, ule wenye vitufe vya piano ambao watu wakisikia kodiani ndio wanaoufikiria, ulikuja kukua baadaye.

Wazo la Demian bado liko hai kwenye mkono wa kushoto. Kodiani ya ukubwa kamili ina vitufe 120 upande huo, safu 6 za vitufe 20. Safu mbili ni besi, noti moja moja. Nne zilizobaki ni kodi tupu: meja, maina, ya saba, na ile iliyopunguzwa. Mpigaji havioni, viko chini ya mkono wake vikitazama mbali naye. Kitufe cha C kimechimbwa kidogo katikati ili kidole kikitambue. Na vimepangwa kwa kupanda noti ya tano kila mara. Juu ya C iko G, juu ya G iko D. Chini ya C iko F, chini ya F iko B iliyoshushwa. Maana yake moja, nne, tano za ufunguo wowote zimekaa pamoja: moja katikati, nne hatua moja chini, tano hatua moja juu. Mwimbaji akisema "ufunguo huu unanibana, tushushe", mpiga piano anaanza kufikiri upya. Mwenye kodiani anahamisha mkono na vidole vinafanya vile vile.

Mwanafunzi wa nadharia hukaririshwa duara la noti za tano kama mchoro ubaoni. Mwanafunzi wa kodiani analo chini ya kidole cha pete, na pengine hajui kama lina jina.

Halafu inakuja sehemu ninayoipenda zaidi. Kitufe cha kodi hulia noti tatu tu. Kodi ya saba ikihitaji nne, kodiani nyingi huidondosha noti ya tano, na mtu hagundui. Lakini vipi ukitaka kodi ambayo fundi hakuiweka, mathalani C yenye saba ya meja? Bonyeza besi ya C na kodi ya E maina. E maina ni E, G, B. C iko chini yake. Umepata C, E, G, B. Ukitaka A maina yenye saba, besi ya A na kodi ya C meja: A, C, E, G. D maina yenye saba, besi ya D na F meja. Baada ya muda unaacha kuona kodi kama rundo la noti lenye jina moja. Unaona ghorofa mbili, ya chini na ya juu, na jina linategemea nani amekaa chini. Zile A, C, E, G ukizipa besi ya C zinaitwa C ya sita. Noti hazijabadilika hata moja.

Swali la nani amekaa chini liliwasumbua Wazungu kwa muda mrefu. Katika karne ya 17 na ya 18 mpiga kinanda wa kusindikiza alipewa mstari wa besi tu, na juu yake tarakimu ndogo. Akiona 6 juu ya E, alijua aongeze G na C. Kwa macho yake hiyo ilikuwa "E yenye sita", kitu kisicho na udugu wa lazima na C yenye E na G juu yake. Mwaka 1722 Jean-Philippe Rameau, mtunzi wa Ufaransa, akachapisha kitabu chake cha harmonia na kusema vyote hivyo ni kodi moja iliyopinduliwa: C-E-G, E-G-C, G-C-E, mzizi ni C popote itakapokaa. Leo kila mwanafunzi anafundishwa hivyo, na Rameau anapewa heshima ya mwanzilishi.

Ila wapiga gitaa walikuwa wakiishi hivyo zaidi ya karne moja kabla yake. Mwaka 1606 Girolamo Montesardo alichapisha Firenze, Italia, mtindo wa kuandika gitaa ambamo herufi moja ni umbo moja la mkono. Herufi A ilikuwa kodi ya G meja. B ilikuwa C meja. C ilikuwa D meja. Ukiitazama kwa macho ya leo unaweza kudhani mtu alikuwa anakufanyia mzaha, lakini herufi zile hazikuwa majina ya noti hata kidogo. Zilikuwa za vidole. Weka mkono hivi, charaza nyuzi zote, imba. Gitaa la wakati ule lilikuwa na jozi tano za nyuzi, na zilifungwa kwa namna ambayo mara nyingi ilikuwa vigumu kusema noti ipi ndiyo ya chini kabisa. Kama hujui nani yuko chini, suala la C-E-G au E-G-C halikusumbui. Mwenye gitaa alikuwa na kodi, kitu kizima, mkononi, wakati mwenye kinanda bado anajumlisha tarakimu juu ya besi.

Sidai kwamba Rameau aliiba kwa wacharazaji. Nadai tu kwamba sifa imegawanywa kwa upendeleo, kwa sababu mmoja aliandika kitabu kinene na wengine waliandika vijitabu vya kusindikizia nyimbo za mapenzi.

Gitaa la leo lina hukumu yake nyingine. Nyuzi sita: E, A, D, G, B, E. Kutoka uzi hadi uzi ni noti ya nne, ila kati ya G na B ambapo ni ya tatu. Kila anayeanza huuliza kwa nini kasoro hiyo. Kama zote zingekuwa za nne, nyuzi zingeishia E, A, D, G, C, F, na uzi wa kwanza na wa sita vingegombana kwenye kila kodi pana. Kwa kubana hatua moja katikati, nyuzi mbili za pembeni zinakuwa noti moja yenye oktava mbili kati yake, na kidole kimoja kinaweza kulala juu ya zote sita. Mpiga solo anaudhika na huo mpangilio kila siku, maana kila kifungu anachojifunza kinavunjika anapovuka uzi wa B. Ameumizwa ili mpiga ridhimu apumzike.

Otohapu ni ya kuchekesha zaidi, na naitaja kwa sababu inaifanya kodi kinyume. Nyuzi zake, zaidi ya thelathini, zote ziko wazi. Juu yake kuna vijiti vyenye vipande vya manyoya yaliyoshindiliwa. Ukibonyeza kijiti cha F, manyoya yanazima kila uzi usio F, A au C, na unacharaza zote bila kuchagua. Charles Zimmermann wa Philadelphia aliisajili mwaka 1882. Kodi hapo inapatikana kwa kuwanyamazisha wasiohusika.

Na konsetina ya Charles Wheatstone, Mwingereza ambaye wanafunzi wa fizikia wanamjua kwa saketi ya kupimia ukinzani wa umeme: alizigawa noti za skeli mikono miwili kwa zamu, zile zinazoandikwa juu ya mistari upande mmoja, zinazoandikwa kati ya mistari upande mwingine. Ngazi inapandwa kulia, kushoto, kulia, kushoto. Kodi, ambayo kwa kawaida huruka noti moja moja, inaangukia mkono mmoja wote. Mtu wa sayansi huyo, huwezi kumficha.

Mpaka hapa nimezungumza kana kwamba harmonia ni ya Ulaya na waliochukua kwake. Ndimi zenyewe zilitoka mbali zaidi. Katika kaburi la Mtawala Yi wa Zeng huko China, aliyezikwa karibu mwaka 433 kabla ya Kristo, zilikutwa ala za sheng, mianzi iliyosimama kwenye kibuyu na ndimi ndani yake. Ndugu yake wa Japani ni sho, yenye mianzi 17, ambapo 15 ndiyo inayolia. Katika muziki wa kasri, gagaku, sho hupiga kodi zinazoitwa aitake. Ziko 11, nyingi za noti tano au sita, baadhi ya noti zikiwa zimebanana kwa toni moja au nusu toni. Kwa masikio yaliyolelewa na do-mi-so ni mkwaruzo mtupu kwa dakika ya kwanza. Halafu unagundua kwamba hakuna anayekwaruza, kwa sababu hakuna noti inayodai kwenda popote. Kodi inavimba, inapungua, inateleza kuingia nyingine.

Sababu moja naiona kwenye ulimi. Wa harmonika hulia upande mmoja wa pumzi, na ndiyo maana kupuliza ni kodi moja na kuvuta ni nyingine. Wa sho hulia noti ile ile pumzi ikiingia na ikitoka. Mpigaji hasukumwi na mapafu yake kubadili kitu. Ataishikilia kodi atakavyo. Kinachomsumbua ni unyevu wa pumzi yake tu, na ndiyo maana utamwona akiizungushazungusha ala juu ya jiko dogo la moto kati ya vipande vya muziki ili ndimi zikauke.

Sitaki ionekane kwamba ala ikishaamua basi imeshinda. Harmoniamu inanikanusha. Alexandre Debain aliisajili Paris mwanzoni mwa miaka ya 1840, ala ya kupigwa kwa mikono miwili huku miguu ikisukuma hewa, tayari kwa kodi nene za kanisani. Mwaka 1875 Dwarkanath Ghose akaitengeneza upya Kolkata: ndogo, ya kuwekwa sakafuni, mkono mmoja ukisukuma mvukuto na mwingine ukipiga. Kwa hatua hiyo moja kodi nyingi zikafa, kwani mkono uliobaki una kazi ya wimbo. Waimbaji wa India wakaitumia kufuata sauti noti kwa noti, pamoja na noti moja isiyokoma chini. Harmoniamu bila harmonia, ukipenda.

Si wote waliofurahi. Muziki wa raga, ule wa jadi ya India, huishi kwa kuteleza kati ya noti na kwa vimo ambavyo havimo katika vile vipande 12 vilivyo sawa, na ulimi wa chuma hauwezi kuteleza. Redio ya taifa, All India Radio, iliipiga marufuku harmoniamu hewani kuanzia mwaka 1940 hadi 1971. Miaka 31. Waliotaka iondoke hawakuwa wakichukia sauti yake tu. Walikuwa wameuona uamuzi wa fundi wa Ulaya ndani ya sanduku na hawakutaka waimbaji wao waufuate. Nadhani waliusoma vizuri, ingawa wapigaji wa kawali, zile nyimbo za Kisufi, walithibitisha kwamba ala hiyo hiyo inaweza kufanya maajabu pasipo kumuomba radhi mtu.

Kwaya haina kitufe. Mwimbaji anayesoma d r m f s l t, herufi ambazo John Curwen alizieneza Uingereza katika karne ya 19 akijenga juu ya kazi ya Sarah Glover, hapewi kimo cha noti yoyote. Anapewa udugu wake na do, na do inaweza kuwa popote. Sauti ya kwanza, ya pili, ya tatu na ya nne zinatafutana kwa masikio, na kwaya iliyozoeana ikiimba bila ala, mi yake hushuka kidogo kutoka pale piano ingeiweka. Hushuka kama senti 14, yaani sehemu 14 kati ya 100 za nusu toni. Hakuna aliyewaambia. Wanashuka mpaka yale mapigo 17 yanapotea.

Kisha ubeti wa tatu unafika, kinanda kinaingia na mi yake iliyo juu, na kitu fulani kinachafuka hata kama kila mtu yuko sahihi. Wapiga gitaa la umeme walikutana na shida hiyo kwa mlango mwingine. Ukiipitisha kodi ya meja kwenye ampu iliyokazwa mpaka sauti inapasuka, mapigo ya mi yanazaliana yakawa vurugu. Wakaitoa mi. Wanapiga do na so tu, na roki nzito kwa sehemu kubwa imesimama juu ya noti hizo mbili, wala huwezi kusema kama ni meja au maina mpaka mwimbaji afungue kinywa.

Ninaposindikiza kwaya inayojua kusikilizana nafanya kama wao. Mkono wa kushoto do, wa kulia so na do ya juu, mi nawaachia wenyewe. Kuna kondakta aliyeniuliza, mazoezi yakiendelea, kwa nini napiga kodi pungufu wakati karatasi imeandikwa kamili. Nikamwomba aende akasimame katikati ya sauti ya pili, nikapiga mara moja bila mi na mara moja nayo. Akarudi kwenye nafasi yake, akachukua penseli, akaanza kuikata mi moja baada ya nyingine kwenye nakala yangu.